Siri ya Tanuru: Chama cha Mafundi Ambacho Hatukuhitaji Kukibuni

Ukisoma hadithi za kifantasia za kutosha, au ukicheza gemu hadi jogoo awike, utaona kwamba karibu kila ulimwengu wa kubuni una kundi moja lisilokosa: mafundi wa siri. Wanaishi mlimani au chini ya ardhi. Wanatengeneza silaha ambazo hakuna mwingine anayeweza kuzitengeneza. Wana kiapo, wana miiko, na mfalme mwenyewe huwaendea kwa adabu kwa sababu bila wao hana jeshi. Watu wa kawaida huwaogopa na kuwahitaji kwa wakati mmoja.

Mimi ni mpenzi wa hadithi hizo, sijifichi. Lakini kuna jambo linalonikera. Mafundi hao karibu kila mara wana ndevu na nyundo za kaskazini ya Ulaya. Hata Wakanda, ambayo angalau ilituwekea chuma mikononi mwetu, ilibidi chuma chenyewe kidondoke kutoka angani. Ati chuma chetu lazima kiwe kimondo ndio kiwe cha ajabu. Ilhali katika nchi hizi tunazoishi, kuanzia Ziwa Victoria hadi pwani, watu walikuwa wakitoa chuma kwenye mawe na mchanga zaidi ya miaka 2,000 iliyopita. Na waliofanya kazi hiyo walikuwa chama cha siri kwa kila maana ya neno: walikuwa na ukoo, mafunzo, miiko, na laana.

Hebu kwanza tuelewane kuhusu kazi yenyewe, maana wengi wetu tukisikia "mhunzi" tunamwona tu mtu anayegonga chuma kwenye fuawe. Huko ni kufua, na ni nusu ya pili ya hadithi. Nusu ya kwanza, iliyokuwa na siri kubwa zaidi, ni kukipata hicho chuma. Chuma hakipatikani ardhini kikiwa tayari. Kimefungamana na oksijeni ndani ya mawe mekundu au mchanga mweusi, na kazi ya tanuru ni kuvunja ndoa hiyo. Unapanga makaa na mawe ndani ya tanuru la udongo, unapuliza hewa kwa mivukuto saa baada ya saa, na makaa yanapoungua yanatoa gesi inayoinyang'anya mawe ile oksijeni. Chuma safi huyeyuka kikifika nyuzi 1,538 za Selsiasi, lakini mafundi hawa hawakuhitaji kukiyeyusha chote. Walihitaji joto la kutosha kuyeyusha uchafu utiririke na kuacha bonge la chuma lenye matundu kama sifongo. Bonge hilo ndilo lililopelekwa kwenye fuawe. Ule uchafu ulioganda Kiswahili kinauita mavi ya chuma. Naupenda uaminifu wa jina hilo. Ukiyaona yamelala shambani mahali fulani, ujue mtu alikesha hapo.

Sasa fikiria unafanya haya bila kipimajoto, bila saa, bila kitabu. Hewa ikizidi, umeharibu. Ikipungua, umeharibu. Makaa yakiwa ya mti usiofaa, umeharibu, na miti yote uliyokata na jasho lote la vijana wako limeenda bure. Unachoongozwa nacho ni rangi ya moto na sauti ya mivukuto. Mwenye kujua mambo hayo hakuwa fundi tu. Alikuwa kama daktari, mkunga na padri ndani ya mwili mmoja.

Nasema mkunga kwa sababu. Kuna sehemu nyingi za Afrika ambako tanuru lilihesabiwa kuwa mwanamke, na kuyeyusha kukawa ni kuzalisha. Kule Ufipa, kusini-magharibi mwa Tanzania, walijenga matanuru marefu kupita kimo cha mtu, yaliyovuta hewa yenyewe bila mivukuto, na tanuru jipya lilitendewa kama bibi harusi. Buhaya, magharibi mwa Ziwa Victoria, tanuru lilikuwa tumbo la uzazi, na chini yake kulichimbwa kishimo cha dawa kabla ya moto kuwashwa. Mafundi walijitenga na wake zao wakati wa kazi, maana fundi aliyekuwa na "mke" tanuruni hakutakiwa kuwa na mwingine nyumbani. Kwenda nje kulikuwa usaliti, na mimba ya chuma ingeharibika.

Mtu wa leo anaweza kucheka. Mimi nilipoyasoma sikucheka, nilijiuliza miiko hiyo ilifanya kazi gani. Iliwaweka watu wote pamoja kambini mpaka kazi iishe, na iliwazuia wapita njia kusogea na kuchungulia vipimo. Iliifanya kila hatua ikumbukwe kwa mpangilio, kwa sababu hatua uliyofungamanisha na dawa na maneno huisahau kirahisi. Na mambo yakienda mrama, ilimpa kiongozi wa kazi jibu la kuwapa watu badala ya kugombana. Sisemi kwamba hayo ndiyo yote, au kwamba wazee walikuwa wakiigiza. Waliamini. Ninachosema ni kwamba imani na ufundi havikuwa vyumba viwili. Ukitoa kimoja, kingine kinaanguka.

Kuna mahali paitwapo Katuruka, karibu na Bukoba, ambapo hoja hii ina ushahidi wa kuchimbuliwa. Wazee wa hapo walikuwa wakisimulia kwamba mfalme Rugomora Mahe aliwahi kuamuru wahunzi wajenge mnara wa chuma ili apande aone mbinguni kukoje. Mnara ukaanguka. Palikuwa na mti mkubwa wa heshima ulioitwa Kaiija, jina linalobeba maana ya mahali pa kufulia chuma. Msomi wa kawaida angesikiliza, aandike "ngano," afunge daftari. Mwakiolojia mmoja Mmarekani, Peter Schmidt, alifika huko mwishoni mwa miaka ya 1960, akawasikiliza wazee, kisha akachimba pale walipomwonyesha. Chini ya ardhi palikuwa na mabaki ya kazi ya chuma, na makaa yake yalipopimwa yalitoa tarehe za katikati ya milenia ya mwisho kabla ya Kristo. Rugomora Mahe mwenyewe aliishi karne nyingi baadaye. Maana yake ni kwamba watu wa hapo walibeba kumbukumbu ya kiwanda cha zamani kuliko ufalme wao, wakaivika taji la mfalme ili isipotee.

Kumbe hadithi ya mnara unaofika mbinguni, ambayo ingefaa kabisa kwenye kitabu cha kifantasia, ilikuwa pia kumbukumbu ya mahali. Nimeipenda mno habari hii kiasi kwamba nawasimulia watu kwenye matatu.

Na hapa Kenya? Vyungu vya kale vinavyohusishwa na wafua chuma wa kwanza wa nchi za Maziwa Makuu vinaitwa duniani kote kwa jina la Urewe, mahali palipo Siaya. Kule Samia, kwenye mpaka wetu na Uganda, milima ilikuwa na mawe ya chuma, na majembe ya Samia yalisafiri mbali na kulipiwa mahari. Pwani nako, mwanajiografia al-Idrisi aliandika katika karne ya 12 kwamba watu wa Malindi walikuwa na machimbo ya chuma na kwamba chuma kilikuwa sehemu kubwa ya biashara yao. Mwakiolojia Chapurukha Kusimba amechunguza kazi ya wahunzi wa pwani katika maeneo kama Galu, kusini mwa Mombasa. Ile miji ya mawe tunayoipiga picha ilikuwa na moshi wa tanuru nyuma yake.

Murang'a walitumia mchanga mweusi wa mito. Wanawake na watoto waliuosha hadi punje nzito zibaki, halafu zikakaushwa na kupelekwa kwa mũturi, yaani mhunzi. Angalia hapo: wanawake walifukuzwa karibu na tanuru lakini walikuwa mwanzoni mwa mnyororo wote. Siri ilikuwa na mlango, na mlango ulijua nani apite. Jomo Kenyatta aliiandika kazi hiyo katika kitabu chake cha mwaka 1938, na akaeleza pia silaha kubwa kuliko mikuki aliyokuwa nayo mhunzi: laana. Mhunzi aliyeibiwa au kudhulumiwa aliweza kuchukua chuma, akakigonga na kukikata huku akimwombea mkosaji akatike vivyo hivyo. Laana hiyo iliogopwa kuliko laana nyingi nyingine. Hakuhitaji askari wa kulinda karakana yake usiku.

Hadi hapo unaweza kudhani wahunzi walikuwa wafalme kila mahali. La. Kwa Wamaasai, wahunzi waliitwa Ilkunono, na hadithi yao inauma. Walitengeneza mikuki na simi ambazo bila hizo moran si moran. Lakini waliishi pembeni, walioana wenyewe kwa wenyewe, na ilihesabika kwamba mikono yao ina unajisi kwa sababu walitengeneza vitu vya kumwaga damu. A. C. Hollis, katika kitabu chake cha mwaka 1905 kuhusu Wamaasai, aliandika kwamba mtu aliyepokea silaha kutoka kwa mhunzi alipaka mkono wake mafuta kwanza. Fikiria hiyo. Aliyemwaga damu ni shujaa wa kuimbiwa nyimbo. Aliyefua mkuki ndiye mchafu.

Hapo ndipo nikaanza kuona kwamba usiri una bei. Watu wakishaamini kwamba una uwezo wasiouelewa, wana njia mbili tu: kukuweka juu yao au kukuweka nje. Ugweno, kaskazini mwa milima ya Upare, walijaribu zote mbili. Mwanahistoria wa Tanzania, Isaria Kimambo, alikusanya masimulizi ya wazee wa Upare na kuyachapisha kwenye kitabu mwaka 1969. Yanasema kwamba zamani waliotawala Ugweno walikuwa Washana, ukoo wa wahunzi. Nguvu yao ilitoka kwenye moto: mwenye jembe na mkuki ndiye mwenye neno. Kisha ukoo wa Wasuya, ukiongozwa na Angovi, ukawapindua. Angovi na mwanawe Mranga wakaunda utawala mpya wenye mabaraza na jando lililosimamiwa na dola, yaani nguvu isiyotegemea ujuzi wa ukoo mmoja. Wahunzi hawakutoweka. Waliendelea kufua, na chuma cha Upare kikaendelea kupanda Kilimanjaro kwa Wachaga. Lakini kuanzia hapo walifua chini ya mfalme mwingine.

Ningekuwa mwandishi wa riwaya za kifantasia ningeanzia hapo. Mapinduzi dhidi ya wafalme wahunzi, milimani, na ukungu unashuka.

Kundi linalokaribia zaidi kile tunachokiita chama, hata hivyo, ni la Barongo, kusini-magharibi mwa Ziwa Victoria. Barongo hawakuwa kabila moja. Watu wa asili mbalimbali waliingia humo, wakafundishwa, na kazi yenyewe ikawa ndiyo utambulisho wao. Ulikuwa Murongo kwa sababu ya unachojua na miiko unayoishika. Kwa mtu aliyekulia Kenya, ambako jina lako la pili linasomwa kama kura kabla hujafungua mdomo, wazo hilo ni la kifantasia kuliko mnara wa Rugomora.

Kilichowaua ni nini? Si vita. Ni bei. Reli ya Uganda ilijengwa kati ya mwaka 1896 na 1901, na nyuma yake yakaja majembe ya kiwandani, waya na vyuma chakavu. Kwa nini ukate msitu, uchome makaa, ukae mbali na mkeo na upulize mivukuto kutwa, ilhali kipande cha chuma kilichotupwa na wazungu kinaweza kufuliwa leo jioni? Serikali ya kikoloni nayo ilitaka kodi kwa fedha, ikawapeleka vijana kwenye mashamba ya walowezi badala ya tanuruni. Mikuki ikapungukiwa na kazi. Na sheria ya uchawi, ile ya mwaka 1925 ambayo bado imo katika vitabu vyetu, iliweka mambo mengi ya dawa na laana upande wa jinai. Kufua kukabaki. Kuyeyusha kukafa. Ile nusu ya kwanza, yenye siri kubwa, ndiyo iliyokwenda kwanza.

Tunapenda kusema "siri ya mtungi aijuaye kata." Methali haituambii nini hutokea kata ikivunjika. Ujuzi uliolindwa dhidi ya wezi ulilindwa vilevile dhidi ya wajukuu. Kijana ambaye hakuwa wa ukoo hakufundishwa, na wa ukoo alikuwa Nairobi anatafuta kibarua.

Tunachokijua kwa undani kuhusu tanuru la Wahaya tunakijua kwa sababu wazee kadhaa waliowahi kufanya kazi hiyo ujanani walikubali kuirudia mwaka 1976, miongo mingi baada ya moto wa mwisho. Walichimba shimo, wakachoma majani ya kinamasi ndani yake, wakajenga ukuta kwa vipande vya mavi ya chuma ya zamani na udongo wa kichuguu, wakapanga mirija minane ya kupitisha hewa. Na chuma kikatoka. Schmidt na mwenzake Donald Avery walichapisha matokeo katika jarida la Science mwaka 1978. Walidai kwamba mirija iliyoingizwa ndani kabisa ya tanuru ilipasha hewa joto kabla haijafika motoni, mbinu ambayo Ulaya iliitumia viwandani katika karne ya 19 tu. Wataalamu wengine wamelipinga dai hilo la hewa ya moto, na mabishano yao ni marefu. Mimi sina shida na mabishano. Ninachokiangalia ni wale wazee. Hawakuwa na karatasi hata moja. Yote yalikuwa kwenye mikono, na mikono ilikuwa imebaki na miaka michache.

Hapa niseme jambo langu. Mimi niliacha chuo mwaka wa tatu, karo ilipogoma. Tangu hapo naishi kwa kuandika: leo maelezo ya bidhaa za mtu, kesho hotuba ya harusi, keshokutwa kitu kama hiki. Kila nikiomba kazi kuna kisanduku kinachouliza nina shahada gani. Sio kwamba nachukia shahada, nawaheshimu waliozimaliza. Lakini nikisoma habari za wahunzi najikuta nikiuliza: ni lini tuliamua kwamba kujua ni kuwa na karatasi?

Nilikwenda Kamukunji kuzunguka tu, pale ambapo mafundi wanagonga masanduku ya shule, majiko na karai kuanzia asubuhi hadi masikio yanakuwa kama yana nyuki. Nilimuuliza fundi mmoja anajuaje chuma kimefika. Akaniangalia kama mtu aliyeuliza maji yanajuaje kuteremka. "Si unaona rangi, bana." Kijana aliyekuwa kando yake, labda wa miaka 17, hakuambiwa kitu. Alikuwa anaangalia. Hayo ndiyo yalikuwa mafunzo yake, na hakuna aliyekuwa akiyaandika.

Mwaka 1972 Shirika la Kazi Duniani lilitoa ripoti kuhusu Kenya iliyosaidia kueneza duniani jina la sekta isiyo rasmi. Mwaka 1985 Rais Moi aliwatembelea mafundi wa Kamukunji na kuwaahidi vibanda. Tangu hapo tunawaita jua kali, yaani tunawataja kwa kile wanachokosa: paa. Wahaya waliwaita wafua chuma kwa kazi yao, na mfalme akataka sifa ya mnara wao. Sisi tumewaita kwa hali ya hewa. Miaka ya karibuni serikali imeanza utaratibu wa kupima na kutambua ujuzi uliopatikana nje ya darasa, na naiunga mkono nia hiyo. Ila naomba cheti hicho kisiwe mwisho wa safari. Kumpa fundi karatasi inayosema anajua si sawa na kukaa naye na kuandika anachokijua.

Kwa hiyo, ndugu msomaji unayeandika hadithi zako za kubuni usiku, na najua mko wengi, huna haja ya kuagiza wahunzi kutoka mbali. Waandike Barongo, ambao hawakuuliza kabila lako. Mwandike mũturi mwenye nyundo inayoogopwa kuliko polisi. Waandike Ilkunono, na umwache mmoja wao aukatae mkono uliopakwa mafuta. Na kama huandiki hadithi, lakini una babu au jirani anayejua kufanya kitu kwa mikono, iwe ni kuchonga, kusuka, kujenga mashua au kugonga bati, nenda na simu yako umrekodi wiki hii. Muulize anajuaje kimefika. Halafu nyamaza, mwache ajibu.